Mfiwa Asiye na Cheo

Katika jiji lile wanaume wote walikuwa fiti. Uliza yeyote. Mwenye jino lililooza mpaka shavu limeumuka kama andazi, yuko fiti. Aliyefukuzwa kazi mwezi uliopita na bado anafunga tai kila asubuhi, anakwenda kukaa kwenye benchi la bustani hadi saa ya kutoka ofisini, naye yuko fiti. Hata yule aliyelazwa wodini na mipira puani, ukimwuliza habari atakuinulia kidole gumba, na muuguzi itabidi akishushe ili apate mshipa. Ukiwakusanya wote ukawapanga mstari, ungepata jeshi ambalo halijashindwa vita vyovyote wala kupata usingizi.

Mmoja wao alikuwa fundi makochi aliyeitwa Pini. Jina alilopewa na wazazi lilibaki kwenye kitambulisho, huko lisikomsumbua mtu. Aliitwa Pini kwa kuwa ndiye aliyeshika bunduki ya pini, ile inayogongomea kitambaa kwenye mbao za kochi. Ta! Ta! Ta! Alikuwa mtu wa makamo, mabega mapana, nywele zimejaa chembe za sponji muda wote, na mcheshi kupindukia. Karakana nzima ilimpenda kwa ucheshi wake, na hakuna aliyewahi kuuliza ucheshi huo unatoka wapi.

Sasa, kochi halivishwi na mtu mmoja. Akijaribu peke yake, kitambaa kinakwenda upande, na kochi linatoka limefanana na mtu aliyeazima suruali ya mdogo wake. Wanatakiwa wawili, mmoja huku na mmoja kule: huyu anavuta, yule anapiga. Mvutaji wa Pini aliitwa Mrefu, na sababu ya jina hilo uliiona kabla hajaingia mlangoni.

"Vuta."

"Hapo?"

"Bado. Vuta."

"Hapo?"

"Hapo hapo!"

Ta!

Hayo ndiyo yalikuwa mazungumzo yao. Ungeyaandika yote waliyosemezana tangu waanze kazi, ungepata kitabu kinene chenye maneno matatu. Lakini Pini alijua Mrefu ameamkaje kwa jinsi kitambaa kilivyomfikia mkononi. Kikija kimelegea, nyumbani kumechafuka. Kikija kimekaza mpaka nyuzi zinalia, mtoto kafaulu mtihani. Na Mrefu naye alimsoma Pini kwa mlio wa bunduki. Hata mke wa Pini hakuwahi kumjua hivyo. Huyo alifungasha zamani, akamwambia mlangoni, "Nimeishi na kabati. Ila kabati angalau lina mlango." Pini alipomsimulia Mrefu maneno hayo aliyafanya kichekesho, akaigiza hadi mkono wa kiunoni. Mrefu alicheka. Kisha kutwa nzima akavuta kitambaa taratibu, kama mtu anayemfunika mgonjwa shuka.

Mwenye karakana, Bosi, mtu mnene mwenye miwani iliyofungwa kwa waya, alikuwa na sheria yake. Kochi likikamilika, kabla ya kuvishwa nailoni, lazima wawili walikalie bega kwa bega, na yeye apige magoti, alibandike sikio ubavuni mwa kochi, asikilize kama kuna springi inayolia. Aliifanya kazi hiyo kwa makini kuliko madaktari wengi, na wakati huo kuzungumza kulikuwa mwiko. Waliokalia walikuwa Pini na Mrefu. Ndio muda pekee waliokuwa upande mmoja, wakitazama ukuta uleule, na wanaume, kwa sababu ambazo wataalamu wataendelea kulipwa kuzichunguza, huweza kusema kweli ilimradi hawatazamani.

Siku moja, wako juu ya kochi la kijani la mteja mwenye hoteli, Mrefu akasema kwa sauti ya chini, bila kugeuza shingo:

"Pini. Kifua kinanibana."

"Kivipi?"

"Kinabana tu. Nikipanda ngazi. Hata nikilala. Naogopa, bwana."

Neno hilo la kuogopa lilimshtua Pini kuliko kama mwenzake angevua suruali pale pale. Akafanya kile ambacho mtu mstaarabu hufanya akimkuta rafiki yake uchi: akamfunika haraka kwa chochote kilichokuwa karibu.

"Ni shati hilo. Umenenepa. Mwambie shemeji asogeze vifungo."

Mrefu akacheka. Tena akacheka vizuri, kochi likatikisika, mkono mmoja kifuani.

"Kimya!" Bosi akafoka kutoka chini. "Nasikia kitu kinalia humu!"

Ilikuwa springi. Kochi likapinduliwa, likapasuliwa tumbo, springi mbovu ikatolewa, nyingine ikatiwa, na jioni mgonjwa alikuwa mzima kabisa. Mrefu akaenda nyumbani na shati lake.

Alianguka bafuni Jumapili ya wiki ile ile, sabuni ikiwa bado masikioni.

Mazishi yalisimamiwa na mjomba wa marehemu, mzee mwenye kipaza sauti na furaha ya kukitumia. Alipanga watu kwa vyeo. Mke na watoto mbele kabisa. Kaka na dada. Wajomba, mashangazi, mabinamu. Wakwe. Majirani. Binamu mmoja ambaye hakuonana na Mrefu tangu wakiwa na meno ya utoto alizimia mara mbili, akapewa soda. Pini alisimama akingoja cheo chake kitajwe. Orodha ikaisha. Mjomba akamfuata.

"Na wewe, ndugu, ni nani kwa marehemu?"

Pini alifikiri. Rafiki ni neno ambalo hata mgombea ubunge hutumia. Mfanyakazi mwenzake ni hata yule mlinzi wa getini.

"Mimi ndiye wa upande wa pili," akasema.

"Upande wa pili wa ukoo?"

"Wa kochi."

Mjomba alimtazama kwa huruma ile wanayotazamwa nayo watu waliopigwa na jua kichwani. "Basi tusaidie viti."

Pini akapanga viti. Alivipanga mistari imenyooka hivi kwamba watu wawili walimfuata baadaye kumwuliza kampuni yake ya viti iko mtaa gani. Alilia? Alilia wapi? Kulia kulikuwa kumegawiwa, na fungu lake halikuwepo.

Kazini walimfanyia wema wote wanaoujua. Bosi alimruhusu kutoka mapema siku moja. Gundi, mpakaji gundi wa karakana, jitu lenye mikono ya kunata na moyo mwepesi, alimpiga ngumi begani, akasema, "Pole kaka. Kaza." Kiberiti, fundi cherehani, mfupi, mwepesi wa kuwaka, alisema, "Ndiyo dunia," kisha, akiona haikutosha, akaongeza, "Ndiyo hivyo." Binti yake Pini alimpigia baba yake simu kutoka mji mwingine alikoolewa.

"Baba, mbona sauti iko hivyo?"

"Vumbi la sponji, mama."

"Lakini uko salama?"

"Niko fiti."

Akakata simu akabaki ameishika, akiitazama, kama vile simu ndiyo iliyodanganya.

Kitu kilichokuwa kinamla hakikuwa kifo chenyewe. Watu hufa, jiji lile lilikuwa na ofisi nzima ya kazi hiyo. Kilichomla ni shati. Mtu aliishi maisha yake yote akiwa fiti, akapata siku moja ya kutokuwa fiti, akaangalia huku na huku, akamchagua yeye, Pini, miongoni mwa mamilioni ya watu. Na yeye akamwambia habari za vifungo. Jambo hilo alilibeba kila alikokwenda, na kila siku liliongezeka uzito. Alitaka mtu mmoja tu amsikie akilisema. Hakutaka kusamehewa, alitaka lisikike tu, litoke mdomoni liingie sikio la mtu.

Akaamua amwambie mwenye haki ya kulijua. Alasiri ya mapumziko akanawa, akachana sponji nywelini, akaenda kwa mjane.

"Karibu, shemeji. Kaa."

Akakaa kwenye kochi ambalo yeye na Mrefu walilivisha kwa mabaki ya vitambaa vya wateja, kila mto rangi yake, kama bendera za nchi zisizoelewana. Shemeji alileta chai, akakaa kwenye kiti kinachotazamana naye, jambo ambalo halikumsaidia Pini hata kidogo.

"Shemeji, nilikuja..." Pini akaanza.

"Afadhali umekuja, kuna kitu nataka kukuuliza," mjane akamkatiza. "Daktari anasema moyo wa vile hauchoki ghafla. Anasema lazima alikuwa anasikia maumivu. Mimi hakuniambia, shemeji. Nalala naye kitanda kimoja, hakuniambia. Wewe ulikuwa naye kutwa. Alikuambia chochote?"

Mlango ndio huo, umefunguliwa wazi, na mwenye nyumba amesimama pembeni kumpisha. Pini akafungua kinywa. Kilichotoka ni kile kilichozoea njia.

"Mrefu? Mrefu alikuwa fiti, shemeji."

Mjane akashusha pumzi ndefu. Mabega yakalegea. Machozi yakamshuka, na akatabasamu katikati yake.

"Basi hata wewe hakukuambia."

"Hata mimi."

"Afadhali. Unajua nilichokuwa naogopa? Nilikuwa naogopa kwamba alikuwa na mtu wa kumwambia, na mtu huyo si mimi." Akajifuta kwa kiganja. "Nilikuwa silali. Kunywa chai, shemeji, inapoa."

Pini akanywa chai. Alipoingia alikuwa na ukweli mmoja ambao ungemwumiza mjane; sasa ungemwumiza mara mbili, na mlango ule alikuwa ameugongomea mwenyewe, kwa pini zote alizokuwa nazo. Akaaga. Mjane alimsindikiza hadi barabarani, akimshukuru.

Ikabaki karakana.

Hapa lazima nieleze jambo moja, maana mtu wa nje hataamini. Karakana ile ilikuwa na kitu kinaitwa Kilio cha Mchana. Kilianza siku Gundi alipojigonga kidole kwa nyundo akalia kweli, machozi na kamasi. Watu waliona aibu hadi hawakujua watazame wapi, ndipo Bosi akaokoa hali kwa kusema, "Hebu rudia, wengine hatukuona vizuri!" Gundi akarudia, kwa mbwembwe, wakacheka wakavunjika mbavu. Tangu hapo ikawa sheria. Ukiwa na kinachokuuma, husemi hivi hivi. Ukisema tu "kichwa kinaniuma," sauti zote zinapaa: "Panda juu!" Unapanda juu ya fremu tupu ya kochi baada ya chakula cha mchana, unalia kama mliaji wa kukodiwa, na atakayeliza watu kwa vicheko analala kwenye kochi bora la siku hiyo hadi kazi ianze tena, wengine wakinyamaza kumpa nafasi.

Bingwa alikuwa Pini. Alishalilia ndala yake iliyokatika mbele ya mkwe. Alishamlilia mende wa chumbani kwake aliyehama kwa kukosa matumaini. Kilio chake maarufu kabisa kilikuwa cha kabati na mlango; hicho kiliombwa kirudiwe hata siku Bosi alipotembelewa na wakwe zake. Na ndivyo wanaume wale walivyojuana. Gundi alishalilia nyumba yake iliyobomolewa. Kiberiti alishamlilia mama yake mwenye kupoteza kumbukumbu, akamwigiza anavyomwita kwa jina la mbwa. Walicheka sana siku hiyo. Hakuna aliyejua mama yule anaendeleaje.

Tangu msiba, Pini hakuwa amepanda. Walimwacha, kwa heshima. Lakini heshima nayo ina mwisho wake, na mchana mmoja, sahani zimeshafutwa, Gundi akasema:

"Bingwa, umetususa kabisa. Tutalala njaa ya vicheko."

"Nina jambo," Pini akasema.

Hata yeye alishangaa kulisikia.

"Panda juu!" Kiberiti akaruka.

"Hapana, jamani. Nataka kusema tu. Nikiwa nimekaa."

"Panda juu! Panda juu!" Walishaanza kugonga meza kwa mikasi.

Pini akaitazama ile fremu. Akafikiri, na wala hakufikiri vibaya, kwamba pale ndipo mahali pekee ndani ya karakana, na huenda ndani ya jiji zima, ambapo mwanaume akisimama wenzake hunyamaza wamsikilize. Akapanda. Mbao zikalalamika. Wakanyamaza.

"Ni kuhusu Mrefu," akasema.

Bosi akavua miwani.

"Alikaa nami pale," akaonyesha, "kwenye kochi la kijani. Akaniambia kifua kinambana. Akaniambia anaogopa. Mrefu, mnamjua. Anaogopa. Mimi nikamwambia..." Akakohoa. Sauti ilimtoka nyembamba kama ya mtu mwingine. "Nikamwambia ni shati. Nikamwambia amwambie shemeji asogeze vifungo."

Kulikuwa na kimya kidogo, kimya cha kutosha mtu kuamua. Kiberiti alimtazama Gundi. Gundi alimtazama Bosi. Bosi alimtazama Pini, aliyekuwa anatetemeka midomo juu ya fremu, mabega mapana, chembe za sponji kichwani, na uso wa Bosi ukafanya kitu fulani, ukataka kwenda upande mmoja, kisha ukageuka haraka ukaenda upande mwingine.

"Vifungo!" Bosi akapasuka.

Basi, ikawa imeamuliwa. Gundi akajipiga paja. Kiberiti akaanguka juu ya marobota ya kitambaa. "Mtu anakufa," akawa anasema huku anakosa pumzi, "anaambiwa... asogeze... vifungo!"

"Sichekeshi," Pini akasema.

Loo! Hapo ndipo alipowamaliza. Gundi alitoka nje akarudi.

"Jamani, sichekeshi. Alinichagua mimi. Angeweza kumwambia mtu yeyote. Nimeenda kwa shemeji nikamdanganya usoni..." Na machozi yakaja. Hayakuja kwa mbwembwe za bingwa. Yalikuja vibaya, kwa mikoromo, puani na mdomoni, akijifuta kwa mkono wenye vumbi hadi uso ukawa tope. Alilia kwa ajili ya viti alivyopanga, na kwa ajili ya chai ile, na kwa mambo mengine ya zamani yaliyotumia mlango huo huo kwa kuwa siku hiyo ulikuwa wazi. Alilia mpaka akachuchumaa juu ya fremu na kushika mbao kwa mikono miwili.

Wakampigia makofi. Walisimama kabisa wakampigia, na mikasi wakagonga.

"Hiki," Bosi akasema, akifuta machozi yake mwenyewe, ambayo hakuna atakayejua yalikuwa ya aina gani, "hiki ndicho kilio. Vile vingine vyote vilikuwa mafua. Mpeni kochi!"

Wakamshusha wakimshika kwapani, kwa upole, wakampeleka kwenye kochi bora la siku hiyo, la rangi ya maziwa, tayari limevishwa nailoni. Pini akalala chali kwa sababu hakujua lingine la kufanya. Nailoni ikanung'unika chini yake. Nao, kama sheria inavyotaka, wakatembea kwa ncha za vidole. Kiberiti akazima cherehani. Gundi alimvua viatu, akaviweka sambamba. Hawakuwahi kuwa wema kwake kiasi kile, na Pini alilala macho wazi akitazama mabati, uso umekauka na kukakamaa, akawasikia wakinong'onezana kwa furaha: vifungo, vifungo.

Kazi ikaanza tena. Kulikuwa na kochi la mteja wa haraka, na Bosi akampa Gundi kazi ya kuvuta. Wakasimama, mmoja huku, mmoja kule.

"Vuta," Pini akasema.

Gundi akavuta. Alivuta kwa nguvu mno, kama anang'oa mti, na gundi ya vidoleni ikaacha alama kwenye kitambaa.

"Ila bwana wewe ni mtu wa hatari," Gundi akasema. "Yale machozi uliyatoaje?"

"Mazoezi."

"Yalionekana ya kweli kabisa. Mimi mwenyewe hapa katikati kilinishika kitu." Akavuta tena. Kisha akasema, kwa sauti ya chini, macho yakiwa kwenye kitambaa: "Nifundishe basi. Mimi nina jambo langu la nyumbani. La mke wangu na mtoto. Kila nikitaka kupanda nalo, linakataa kuchekesha."

Pini akainua macho. Mwenzake hakuwa anamtazama. Mikono ile mikubwa ilikuwa imekishika kitambaa bila kukivuta, imekishika tu. Cherehani ya Kiberiti ilikuwa inakimbia. Bosi alikuwa anabishana na mteja kwenye simu. Hakuna aliyewasikiliza.

Pini aliona vizuri kilichokuwa kinaombwa. Hakuna mtu katika jiji lile aliyekijua kuliko yeye, siku ile, saa ile. Swali lenyewe lilikuwa fupi: *jambo gani?* Alilitafuta mdomoni, akalikuta. Lakini mdomo ulikuwa bado na ladha ya makofi, na akahisi kwamba akitoa neno lingine la kweli, lolote, siku hiyo hiyo, hataweza kuushika uso wake tena mpaka mwisho wa maisha.

"Tatizo lako unaanza na lenyewe," akasema. "Anza na kitu kidogo. Kiatu, kijiko. Wacheke kwanza."

"Eeh."

"Halafu usiwatazame usoni."

"Halafu?"

"Halafu sema chochote. Wameshaanza kucheka, hawatasikia."

Gundi akaitikia kwa kichwa polepole, kama mtu anayehifadhi somo.

"Vuta," Pini akamwambia.